Nyota kachuma yeye, akaunti ya mwengine: kisa cha mtembeza wageni wa Mji Mkongwe

Mtembeza wageni mmoja wa Unguja, mkaazi wa Kikwajuni, ameachana na kampuni aliyoifanyia kazi kwa miaka kadhaa, na hana ukurasa wowote wa jina lake wa kuonesha alivyoifanya kazi hiyo. Sifa anazo. Wageni wamemwandikia kwa Kitaliana, kwa Kiingereza, kwa Kifaransa, na wengi wamemtaja kwa jina: alivyowapokea, alivyomsubiri bibi yao anayetembea kwa mkongojo, alivyowatafutia daktari usiku. Maneno hayo yapo mtandaoni mpaka hivi leo na yeyote anaweza kuyasoma. Ila yapo kwenye akaunti ya mtu mwengine, na mtu huyo anayatumia kuuzia safari zinazoongozwa na vijana ambao wageni hao hawakuwahi kuwaona.

Mwenyewe ameniruhusu niandike, kwa sharti nisimtaje yeye wala aliyekuwa mshirika wake. Jukwaa la kuuzia safari walilolitumia nalo sitolitaja. Yapo mengi, na kwa jambo hili yote yanakwenda kwa mtindo mmoja.

Nimekishikilia kisa hiki kwa sababu mazungumzo yetu ya teknolojia na ajira hapa Zanzibar yamekwama mahali pamoja. Kwenye mabaraza, kwenye redio, kwenye semina za vijana, suali ni lile lile: mashine zitatunyang'anya kazi? Kijana huyu hakunyang'anywa kazi. Kazi ilizidi. Kilichomtoka mkononi ni jina lake la kazi, na lilimtoka kidogo kidogo, wakati yeye akishukuru kwamba mambo yanamwendea vizuri.

Langoni Malindi

Alianzia ufukweni Kiwengwa, ambako Wataliana wamekuwa wakifikia kwa miaka mingi. Kitaliana hakukisomea darasani. Alikiokota mchangani, akiwauzia wageni safari za ngalawa. Baadaye akahamia mjini, akawa anasubiri kwenye lango la bandari ya Malindi boti za Dar es Salaam zinapofunga gati. Wanaosubiri pale watu huwaita mapapasi, na si jina la heshima. Wapo waliostahiki kuitwa hivyo. Wapo pia waliokuwa wakitafuta riziki yao kwa adabu, wakapakwa tope pamoja na wenzao.

Kazi ile ilikuwa na utaratibu wake, ingawa haukuandikwa popote. Mgeni akishuka unampeleka nyumba ya wageni, watu wa mapokezi wanakupa kamisheni. Jioni unapita kwa manahodha kuulizia mashua ya kesho ya kisiwa cha Changuu. Mwenye shamba la viungo Kizimbani unampigia kumwambia unakuja na wangapi. Sifa yako inakaa kwa watu hao. Ukimdhulumu mgeni asubuhi, ikifika magharibi Forodhani nzima inajua, na mapokezi wameshaacha kupokea simu zako. Na mwenzako akikuzulia jambo, unajua anakaa wapi. Unakwenda, mnakaa kitako, na anakuwepo mtu mzima wa kuwasikiliza nyote wawili.

Halafu ikaja Korona. Mwaka 2019 Zanzibar ilipokea wageni 538,264. Mwaka 2020 wakashuka hadi 260,644. Wamerudi kwa wingi, na mwaka 2024 walifika 736,755. Lakini waliorudi wengi wao si wale wa kushuka na begi mgongoni wakiuliza pa kulala. Wameshanunua kitanda, gari na matembezi wakiwa kwao. Hata bima ya lazima ya dola 44, ambayo tangu Oktoba 1, 2024 mgeni wa kutoka nje huikata Shirika la Bima la Zanzibar, hununuliwa mtandaoni kabla ya kupanda ndege. Kijana akisimama langoni na Kitaliana chake, wageni wanampita wakimwonesha kioo cha simu: tumeshalipia.

Kwa hiyo alifanya ambalo mtu mwenye akili angelifanya. Akawafuata wageni kule waliko.

"Wewe una leseni, mie nina ulimi"

Jukwaa lilitaka kampuni yenye leseni ya utalii na akaunti ya benki. Yeye alikuwa na kitambulisho cha mtembeza wageni na simu iliyopasuka kioo. Mtoto wa ami yake alikuwa na kampuni ndogo ya matembezi, ofisi ya chumba kimoja, leseni hai na wateja haba. Wakakutana nyumbani baada ya sala ya Ijumaa, wakazungumza. "Wewe una leseni, mie nina ulimi," kijana alimwambia. Mwenzake akacheka, wakapeana mikono. Akaunti ikafunguliwa kwa jina la kampuni, anwani ya barua pepe ya mwenye kampuni, namba ya simu ya mwenye kampuni.

Hakuna kilichoandikwa baina yao. Kwetu, kumdai mtoto wa ami yako karatasi ni kama kumwambia humuamini, na nani anataka kuanza biashara kwa kumtia doa ndugu yake? Nalieleza hili kwa sababu wanaotoa ushauri wa biashara husema tu "andikianeni mkataba", kana kwamba karatasi ndiyo iliyokosekana. Kilichokuwa kigumu ni kuitamka haja ya karatasi hiyo bila ya kuvunja heshima.

Mwanzo ulikuwa mzuri. Kijana alipiga picha mwenyewe, akaandika maelezo kwa Kitaliana ambacho hakuna programu ya kutafsiri ingekiandika vile, akajibu maswali ya wageni usiku wa manane. Baada ya kila safari aliwaomba wageni waandike walivyoona. Nyota zikaja tano tano. Safari zao zikapanda juu ya orodha, na anayekaa juu ya orodha ndiye anayeonekana kwanza.

Manufaa yalikuwepo na lazima niyaseme. Aliacha kusimama juani. Hakuna askari wa kumfukuza langoni. Alijua Jumatatu ana wageni wangapi Alkhamisi, akaweza kupanga ada ya skuli ya mwanawe. Na nimeona jambo jengine lililonifurahisha sana: wasichana waliosomea utalii, ambao wasingeweza kusimama bandarini kugombania mabegi na wanaume, walipata wageni kwa njia ya simu. Mlango huo haukuwepo hapo nyuma.

Hesabu ya safari moja

Aliniwekea hesabu mezani, ya safari ya Changuu na fungu la mchanga la Nakupenda kwa wageni wawili.

Enzi ya lango waliuza dola 80. Mashua 30. Kiingilio, maji na matunda 20. Kamisheni ya mapokezi 10. Kijana anabakiwa na 20.

Kwenye jukwaa safari hiyo hiyo iliuzwa dola 120. Majukwaa ya namna hii kwa kawaida hukata kati ya asilimia 20 na 30. Hili lilikata 25, yaani dola 30. Zinabaki 90. Mashua 30, kiingilio na vyenginevyo 20. Zinabaki 40, na kwa makubaliano yao ya mdomo mwenye kampuni anachukua nusu. Kijana anabakiwa na 20.

Mgeni ameongeza dola 40. Nahodha hakuongezewa, muuza matunda hakuongezewa, mtembezaji hakuongezewa, na mtu wa mapokezi amepoteza kumi zake. Ongezeko lote limekwenda kwa wawili: anayemiliki jukwaa na anayemiliki akaunti. Kijana alipata siku nyingi zaidi za kazi, hilo ni kweli, na mwisho wa mwezi alikuwa na fedha kuliko zamani. Lakini siku moja ya jasho lake ilibaki na bei ile ile, wakati bei ya mchele na ya kodi ya nyumba inapanda.

Saa tatu ya jukwaa na saa ya maji

Nakupenda ni fungu la mchanga mweupe baharini, mbele ya Mji Mkongwe. Linatoka maji yakipwa, linazama yakijaa. Picha iliyokuwa ikiwavuta wageni ilikuwa ya fungu pana, mchanga mkavu kila upande. Mwenye kampuni aliweka kwenye kalenda kwamba safari inaondoka saa 3 asubuhi, kila siku, mwaka mzima, kwa sababu fomu ilitaka saa moja maalumu na wageni wengi hupendelea asubuhi.

Bahari haina saa moja maalumu. Kila siku maji huchelewa kwa takriban dakika 50. Kwetu Unguja siku za bamvua, mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, maji hupwa katikati ya asubuhi, na ukiondoka saa 3 unalikuta fungu limelala wazi kama kwenye picha. Siku za maji mafu, mwezi ukiwa nusu, mambo hugeuka: saa zile zile za asubuhi maji yamejaa, na fungu limebaki kipande chembamba kinacholambwa na mawimbi pande zote. Enzi za lango hili halikuwa tatizo. Kijana alikuwa akikaa na nahodha jioni, wanahesabu mwezi una siku ngapi, halafu wanamwambia mgeni: kesho tunaondoka saa 7, au kesho twende shamba la viungo, baharini twende Jumapili.

Alimwambia mtoto wa ami yake kuhusu saa hizo. Alimwambia zaidi ya mara moja. Jibu lilikuwa kwamba safari yenye saa inayobadilika inashuka kwenye orodha na inawachanganya wageni. Huenda alisema kweli. Siku ikafika, maji mafu, upepo wa kusi, wageni wanne waliosafiri kwa ajili ya ile picha. Walikuta ukanda wa mchanga usiotosha kuweka mwavuli. Kijana aliwapeleka Changuu kuwaona makobe, akawarudisha, akawaomba radhi, akawanunulia chakula kwa fedha zake. Wakaandika nyota moja, na kwenye maelezo wakamtaja yeye kwa jina.

Hapa ndipo kisa kinapoeleza mengi kuhusu kazi za namna hii. Uamuzi wa saa haukuwa wake. Ujuzi wa maji ulikuwa wake, na ulikataliwa. Lawama ikawa yake peke yake. Mwenye kampuni alipoona wastani umeshuka na wageni wa wiki iliyofuata wamepungua, alimkata malipo ya siku tatu. Kijana akakataa kukatwa. Maneno yakapandana. Asubuhi moja akajaribu kufungua programu ikamwambia nenosiri si sahihi.

Aliwaandikia watu wa jukwaa. Alijibiwa ndani ya dakika moja, kwa Kiingereza, na jibu lilikuwa limetengenezwa tayari: wasiliana na mwenye akaunti.

Kwa sheha, kisha nyumbani

Wazee wa familia walisema jambo lisifike mbali, likapelekwa kwa sheha, kiongozi wa serikali wa mtaa. Nimeambiwa kikao kilikwenda kwa adabu. "Mwanangu, wewe unataka nini hasa?" sheha alimuuliza. Akasema anataka malipo aliyokatwa na anataka sifa zake. Malipo yalipatikana, mtoto wa ami alikubali kurudisha ya siku tatu, akakubali pia kumwandikia barua kwamba alifanya kazi kwenye kampuni. La pili sheha hakuwa na uwezo nalo. Hata mwenye kampuni, lau angelitaka kwa moyo mmoja, asingeweza kuzichukua nyota kwenye akaunti yake akamkabidhi ndugu yake. Mfumo haukuwekewa mlango huo.

Hilo ndilo linaloniuma. Wenye ugomvi walikutana, walisameheana, hata wakala pamoja, na bado dhulma ikabaki palepale, kwa kuwa chombo kinachoihifadhi hakipo kwenye kikao.

Sheria inafika wapi

Masuala ya kazi Zanzibar yana sheria zake, tofauti na za Tanzania Bara. Sheria ya Ajira Nam. 11 ya 2005 inamhifadhi mwajiriwa: mkataba, likizo, taarifa kabla ya kuachishwa. Sheria ya Mahusiano Kazini Nam. 1 ya mwaka huo huo ikaweka kitengo cha kushughulikia migogoro. Kijana hakwenda huko, kwa sababu aliamini yeye si mwajiriwa wa mtu. Mwenye kampuni anasema walikuwa washirika. Jukwaa linasema lenyewe ni soko tu.

Mimi naona alikuwa na hoja nzuri. Anayepanga saa, anayepanga bei, anayekuletea mteja na anayekukata ukikosea ni mwajiri, aite jina lolote. Ushirika ambao mshirika mmoja anaweza kumfungia mwenzake nje usiku mmoja si ushirika. Lakini lau angeshinda, angepewa fedha. Sheria zile zimetungwa mwaka ambao mtu akiacha kazi aliondoka na barua ya utumishi, na waliomjua kazini walibaki wakimjua. Hazikufikiria sifa inayokaa kwenye kompyuta ya nchi nyengine kwa jina la mwengine.

Duniani jambo hili limeanza kuzungumzwa. Umoja wa Ulaya mwaka 2024 ulipitisha maagizo ambayo, pamoja na mengine, yanataka uamuzi wa kufunga akaunti ya mfanyakazi wa jukwaa ufanywe na binadamu, isiwe programu peke yake. Shirika la Kazi Duniani, kwenye mkutano wake wa Juni 2025 mjini Geneva, liliamua utungwe mkataba wa kimataifa wa kazi za majukwaa, na kuukamilisha kukapangiwa mkutano wa 2026. Ni habari njema. Hata hivyo kisa chetu kina sura ambayo naogopa haitofikiwa hivi hivi: kati ya kijana na jukwaa palikuwa na mtu wa tatu, mwenye leseni. Mbele ya jukwaa kijana hakuwepo kabisa. Madereva wanaoendesha kwa akaunti za kukodi na wauzaji wanaouzia kwenye kurasa za wenzao wamo kwenye hali hiyo hiyo. Kamisheni ya Utalii inatoa leseni na vitambulisho. Ingewezekana kabisa iwe na daftari la mtandaoni ambalo mgeni anaweza kumsifu mtembezaji kwa namba ya kitambulisho chake, na daftari hilo likamfuata popote aendako. Vitambulisho vipo. Kinachokosekana ni kuamua.

Akiba ya uzee nayo kijana hakuwa nayo. Kwa miaka yote ile hakuna aliyemchangia Mfuko wa Hifadhi ya Jamii Zanzibar (ZSSF), ingawa Mfuko una mpango wa hiari kwa wasio na mwajiri. Nilipomuuliza alisema alikuwa akiujua na alikuwa akisubiri "mambo yakae sawa".

Simu ya mgeni na mzizi wa mdalasini

Wengine watasema yote haya ni ya kupita, akili mnemba itamaliza kazi ya kutembeza wageni. Nilifuatana na kijana Kizimbani nikaona. Wageni walikuwa na programu inayotambua mmea kwa kuupiga picha, na kila mti uliwapa jina na maelezo kabla hajafungua mdomo. Hakushindana nayo. Alikwangua gome la mdalasini akawapa wanuse, wakatabasamu, harufu wanayoijua. Akafukua kidogo chini ya mti ule ule, akakata kipande cha mzizi, akawapa tena. Unanukia kafuri. Mama mmoja alishtuka, akaupeleka puani mara ya pili, akamwita mumewe. Kisha kijana akawaeleza kwamba wapo wanaotia mzizi huo kwenye maji ya moto kwa ajili ya mafua, na kwamba mama yake alikuwa akimfanyia hivyo. Simu zikarudi mifukoni, maswali yakaja.

Kitaliana chake kimeshuka thamani, hilo halifichiki; programu za kutafsiri zinatosha kwa kuuliza bei na njia. Lakini ujuzi wa mzizi, wa maji, wa nani wa kubishiwa hodi Mkunazini saa 8 mchana, haujapata mpinzani. Ndiyo maana naona tunaogopa pasipo na hatari na tunalala penye hatari. Ujuzi huo anao. Njia ya kuthibitisha kwamba anao ndiyo iliyo mikononi mwa wengine.

Walipofikia

Sasa wako watano: yeye, nahodha mmoja wa mashua, wasichana wawili waliosomea utalii, na kijana wa hesabu. Wamesajili kampuni yao na kuikatia leseni, na gharama yake bado wanailipa kidogo kidogo. Barua pepe ya akaunti ni ya kampuni, nenosiri wanalijua watatu, na halibadilishwi bila ya wote kujulishwa. Kila safari kwenye orodha imetajwa kwa jina la anayeiongoza. Safari ya Nakupenda haina tena saa 3. Imeandikwa kwamba saa ya kuondoka hupangwa kwa maji, na mgeni anaoneshwa saa ya tarehe yake kabla ya kulipa. Kwa jukwaa wameweka safari mbili tofauti, ya asubuhi na ya mchana, na kila moja hufunguliwa siku zake tu. Imewachukua muda kila mwezi kuipanga kalenda hiyo, na anayeipanga ni nahodha. Wanalipwa wote kwa kiwango kimoja kwa siku, naye nahodha anaongezewa kwa kazi ya kalenda.

Nyota bado chache. Wako ukurasa wa tatu au wa nne, na wageni wao wengi wanakuja kwa kupelekwa na wageni waliotangulia, kwa ujumbe wa WhatsApp. Wanne wameshajiandikisha mpango wa hiari wa ZSSF.

Jambo moja halijaisha. Kwenye kanuni zao kuna kifungu kinachohusu anayeondoka. Mmoja wa wasichana anatarajia kuolewa na huenda akahamia Pemba, na yeye ndiye mwenye sifa nyingi kuliko wote mpaka sasa. Sifa hizo hawezi kwenda nazo. Yeye anasema kampuni imlipe fungu la mapato ya safari zenye jina lake kwa msimu mmoja baada ya kuondoka, na jina lake liondolewe msimu huo ukimalizika. Kijana wa hesabu anasema kampuni changa haitoweza. Mtembezaji wetu yuko upande wa msichana. Wamekubaliana lazima liamuliwe na liandikwe kabla ya msimu wa Julai.